Umeruka Mstari

Simu iliyomtoa mkamwana kwenye meza ya vifungo iliingia saa nne asubuhi, na aliyepiga hakujitambulisha. "Wewe ndiye unayekaa na Mzee Nukta? Basi njoo umchukue." Akakata.

Aliomba ruhusa kwa msimamizi wa kiwanda cha sare, akatoka na kipande cha uzi kimemganda begani, akaenda mbio nusu na mwendo nusu, njia nzima akijiambia kwamba mzee amekufa. Alipofika kwenye kiwanda cha uchapaji alimkuta hai. Alikuwa amesimama katikati ya ukumbi, mashine zimezimwa, wafanyakazi wamemzunguka kama watu wanaotazama ajali.

Baba mkwe wake alikuwa msoma prufu. Kwa miaka thelathini na mmoja, kila kitabu kilichotoka hapo kilipita kwanza mbele ya macho yake, herufi kwa herufi, ndipo kiende kwenye mashine. Jina la Nukta alipewa na mafundi, kwa sababu aliwahi kusimamisha kazi ya siku nzima kwa ajili ya nukta moja iliyodondoka.

Meneja alikuwa amenyanyua kitabu kipya juu ya kichwa chake.

"Nakala elfu mbili," alisema. "Elfu mbili, na jina la mwandishi limekosewa. Siyo ndani, jamani. Kwenye jalada! Herufi kubwa kama viatu! Haya mzee, soma hapa, wote tusikie."

Mzee alikipokea kitabu. Alikisogeza karibu na pua, akakirudisha mbali, akakohoa. Kisha akalisoma jina la mwandishi kwa sauti ya mtu anayejiamini, sahihi kabisa, akasoma na kichwa cha kitabu, na mji kilikochapwa. Watu wakatazamana. Wa kwanza kucheka alikuwa fundi wa mashine ya kukatia karatasi, mtu aliyekunywa naye chai benchi moja kwa miaka kumi na mitano. Mzee alikuwa amekishika kitabu kichwa chini miguu juu.

Mkamwana akapenya katikati ya watu, akamshika mkono.

"Shikamoo, Baba. Twende nyumbani."

"Marahaba. Nani kakuita?"

"Nilikuwa napita."

"Kazini kwako na hapa ni wapi na wapi?" alisema mzee, lakini mkono hakuuondoa.

Meneja alimgeukia mkamwana, akamwambia kwa sauti ya chini, kana kwamba mzee ni mzigo uliowekwa hapo ukimsubiri mwenyewe: "Mwambieni apumzike. Sisi hatumfukuzi. Apumzike tu, asirudi."

Nje jua lilikuwa kali. Mzee alitembea ameshikilia kiwiko cha mkamwana, na walipofika kwenye ngazi tatu za lango akasimama, akazipapasa kwa ncha ya kiatu, moja baada ya nyingine. Hapo ndipo mkamwana alipojua kwamba hali hii haikuanza leo.

Daktari alisema ni presha ya macho, ya muda mrefu, na kilichokwisha kupotea hakirudi. Mzee alikuwa ameificha karibu miaka miwili. Kwanza alitumia lenzi, kisha lenzi mbili, mwishowe akawa anakisia.

Nyumba ilikuwa ya vyumba viwili na sebule, yote ya kupanga. Chumba kimoja cha mzee, kingine cha mkamwana na mumewe, ingawa mume alikuwa na miaka minne hajakilala. Alikwenda nchi ya mbali kuendesha winchi za ujenzi. Mwaka wa kwanza alipiga simu kila Ijumaa. Mwaka wa pili akawa anapiga mwezi kwa mwezi. Siku hizi alipiga akipenda, kwa baba yake, na mkamwana alipelekewa salamu kama mtu wa nyumba ya tatu.

Ukuta mmoja wa sebule ulikuwa vitabu vitupu, kutoka sakafuni hadi darini. Mzee hakuwahi kununua hata kimoja. Vyote vilikuwa vilema vya kiwandani: kimoja kurasa zimegeuka, kingine jalada limebandikwa upande, kingine kimekosa kurasa kumi na sita. Vitabu kama hivyo haviuzwi, kwa hiyo mafundi walimwachia. Mkamwana alivipangusa vumbi kila Jumapili kwa miaka sita. Kuvifungua hakuwahi. Hakuna aliyemkataza, ila hakuna pia aliyemwambia fungua.

Siku nne mzee hakusema neno zaidi ya kuitikia salamu. Alikaa kwenye kiti chake, viganja juu ya magoti. Chai ilipoa mbele yake. Mkamwana alikwenda kazini akarudi, akapika, akafua, akamwambia "Baba, chakula", akaambiwa "Ahsante", na nyumba ikawa kimya kiasi kwamba alijikuta akizungumza na sufuria.

Siku ya tano, aliporudi jioni, jua bado liko dirishani, alimkuta mzee amekaa mkekani, rafu ya chini yote imeshushwa. Alikuwa anavinusa vitabu kimoja kimoja.

"Hiki ni cha mwaka ule walipobadilisha gundi," alisema bila kugeuka. "Kinanuka samaki mpaka leo." Akakiweka kando. "Wewe unajua kusoma?"

Swali lilimwingia vibaya. "Baba, nimekaa hapa miaka sita."

"Sijakuuliza miaka. Nimekuuliza kusoma."

"Nilimaliza darasa la saba."

"Hilo nalo si jibu. Kaa hapa unisomee."

Akapewa kitabu kilichokuwa juu. Alianza kama mtu anayevuka mto kwa kukanyaga mawe, anaruka hapa, anateleza pale. Aya ya kwanza haijaisha mzee akanyanyua kidole.

"Nukta."

"Wapi?"

"Hapo ulipopita. Umeipita kama gari lisilo na breki. Rudi."

Akarudi. Akaambiwa tena arudi. Mkato ni pumzi moja, nukta ni pumzi mbili, aya mpya ni kumeza mate. Alama ya kuuliza haipandishwi sauti kama muuza mboga. Kufika ukurasa wa nne mkamwana alikuwa anatokwa na jasho kuliko siku ya oda kubwa kiwandani, na kitabu kilikuwa kinahusu nini hata hajui.

"Inatosha," alisema mzee. "Kesho tuanze upya, sasa ufuate habari."

Kitabu hicho kilikuwa maisha ya mwanamke aliyeanza kwa kupokea simu katika ofisi ya posta akaishia kuwa hakimu. Mkamwana hakujua kwamba maisha ya mtu wa kweli, tena mwanamke asiye malkia, yanaweza kufungwa ndani ya majalada mawili. Yule mwanamke wa posta alikula chakula chake cha mchana peke yake, stoo, miaka kumi na mmoja, kwa sababu wenzake walisema anajidai. Mkamwana aliposoma hapo alisimama bila nukta.

"Nini?" aliuliza mzee.

"Hakuna. Na mimi nakula peke yangu."

"Wenzako wana nini?"

"Wanazungumza habari za waume zao. Mimi sina ya kusema."

Mzee alipapasa mkeka, akaokota kitu kisichokuwepo. "Endelea," alisema.

Kila jioni, kati ya kurudi kwake kazini na kuwasha jiko, walisoma. Baada ya hakimu wakachukua riwaya, ya majirani wawili wanaotumia ukuta mmoja na hawajasalimiana miaka ishirini. Hii ilimshika mkamwana shingoni. Alikwenda nayo jikoni. Aliwaza majirani wale huku anashona vifungo, akachoma kidole mara mbili. Na walipofika pale mmoja anapopasua ukuta kwa nyundo, kitabu kikakatika. Kilikuwa kimekosa kurasa kumi na sita za mwisho.

"Inaishaje?" aliuliza mkamwana, karibu kulia. "Baba, wewe ulikisahihisha chote. Inaishaje?"

Mzee alifikiri kwa muda mrefu. "Ukurasa wa mia mbili na kumi na moja," alisema, "walikuwa wameandika 'mlango' bila l."

"Sikuulizi hilo!"

"Ndilo ninalolijua." Akageuza uso dirishani, mahali ambapo kwake palikuwa na weupe tu. "Nimesoma vitabu zaidi ya mia saba, mwanangu. Nakumbuka makosa yote. Habari hata moja sina. Nilikuwa nikiangalia herufi."

Wakabishana mwisho wake wenyewe. Mzee alitaka majirani wapatane. Mkamwana alisema hapana, wataona tu kila mmoja anavyokaa upande wa pili, wataona aibu, watajenga ukuta upya pamoja. Mzee akasema hiyo ni kazi bure, na saruji ilivyo ghali. Wakacheka. Kicheko kiliwashtua wote wawili. Katika nyumba ile kilikuwa mgeni.

Cha tatu kilikuwa kitabu kinene cha elimu ya dini, kazi ya mwanachuoni mmoja kuhusu haki ambazo watu wanadaiana: mzazi na mwana, jirani na jirani, aliye safarini na aliyebaki. Chini ya kila ukurasa palijaa tanbihi za herufi ndogo kama sisimizi. Mkamwana alikiogopa. Alidhani vitabu vya namna hiyo ni vya wanaume wenye ndevu na miwani. Lakini yule mwanachuoni aliandika kwa upole, akitaja kauli ya huyu na hoja ya yule, kisha anasema "na mimi naona", kama mtu anayekukaribisha uone naye. Palikuwa na sura nzima juu ya haki ya mgonjwa kutochoshwa na wanaokuja kumtazama. Mkamwana aliisoma mara mbili.

Walipofika sura ya tisa, mzee alisema, "Ruka hiyo. Nakala hii kurasa zake zimeingiliana, hutaelewa kitu. Nenda ya kumi."

Akaenda ya kumi.

Ujumbe uliingia Jumamosi, baada ya saa sita mchana. Mkamwana alikuwa anakunja nguo zilizokauka. Simu ya mzee, ya vitufe, ikalia mara moja kwenye meza.

"Nani huyo? Nisomee," alisema mzee.

Ulikuwa wa mumewe. Mkamwana alifuta mikono ingawa haikuwa na maji, akakaa, akasoma kwa namna aliyofundishwa.

"'Baba, shikamoo. Dada ameniambia habari za macho na kazi. Pole sana. Usijali. Dada atakuja kukuchukua mwisho wa mwezi, ukakae kwake, na nyumba tutairudisha kwa mwenyewe.'" Akavuta pumzi mbili. "'Nakutakia afya njema. Mwanao.'"

Nje mtu alikuwa anagonga bati.

"Umeruka mstari," alisema mzee.

"Sijaruka, Baba."

"Umeruka. Pumzi yako imejikwaa. Na mtoto wangu namjua, hawezi kutoka kwenye nyumba akafika kwenye afya bila kuacha kitu katikati."

"Nimesoma yote."

"Soma tena. Usiniangalie mimi, angalia maneno."

Mkamwana aliishika simu kwa mikono miwili. Alisoma, safari hii bila mkato wala nukta, sauti imenyooka kama uzi uliovutwa.

"'Kuhusu yule, sijui kama umeshamwambia. Ni mwaka sasa tangu nikueleze na ulisema niachie mimi. Mke wangu huku anauliza. Mtoto ameanza kutembea.'"

Aliiweka simu juu ya nguo zilizokunjwa. Ya juu kabisa ilikuwa shati la mumewe, ambalo alilifua kila mwezi lisishike harufu ya kabati.

"Yule," alisema. "Mimi ndiye yule."

"Mwanangu."

"Ulijua."

Mzee hakukataa. "Nilijua."

"Mwaka mzima?"

"Mwaka na miezi miwili."

"Mwaka na miezi miwili nafua shuka za kitanda cha mtu asiyerudi! Naulizwa kazini, mumeo anakuja lini, nasema karibu. Nasema karibu, Baba! Na wewe uko hapa unakunywa chai yangu, unajua!"

"Macho yalikuwa yanakwenda," alisema mzee. "Kila siku nilisema nitamwambia kesho. Kisha nikawaza, nikimwambia ataondoka. Nani angenishika ngazini? Niliogopa. Hilo ndilo, sina jingine la kulipamba."

Mkamwana alisimama. Alikwenda kwenye rafu, akakitoa kile kitabu kinene, akafungua sura ya tisa. Kurasa zake zilikuwa zimenyooka, safi, zimefuatana vizuri kuliko kitabu chochote katika ukuta ule. Kichwa cha sura kilisema: *Haki ya mke ambaye mume amemwacha bila kumwacha.*

Alikiweka kitabu mapajani mwa mzee, kimefunguka hapohapo, akaingia chumbani kwake na kufunga mlango.

Wiki mbili hawakusoma. Chakula kilipikwa, maji ya kuoga yaliwekwa, "Shikamoo" na "Marahaba" zilipishana mlangoni kama watu wanaodaiana. Jioni mkamwana alikaa chumbani akisikiliza kiti cha mzee kikilia kila alipojigeuza. Alijaribu kukasirika na mumewe, akakuta sura yake imemfutika; aliyekuwa karibu, wa kukasirikiwa, ni huyu wa sebuleni. Kaka yake alimpigia akamwambia arudi nyumbani kwao. Kisha akataja kwamba chumba kina watoto watatu, na mkewe ana mimba, na kwamba "tutabanana tu". Mkamwana akasema atafikiri.

Jioni moja alitoka kuchota maji ya kunywa, akamkuta mzee amesimama katikati ya sebule, amevaa kanzu yake ya kutokea, simu mkononi.

"Nataka uniandikie," alisema. "Kusoma hunisomei, sawa, sina haki. Lakini kuandika siwezi peke yangu."

"Kumwandikia nani?"

"Yeye. Akupe chako ujue ulipo."

Mkamwana alisita, mwisho akaipokea simu. Mzee alisimama wima kama mtu aliye mbele ya mahakama, akasema maneno polepole, na kila alama akaitaja.

"Andika: Mwanangu, mkato. Nilikosea kunyamaza, mkato, na wewe ulikosea zaidi kuninyamazisha. Nukta. Uliyemwita yule..." Akasimama. "Hapana. Futa. Weka: Mke wako."

"Nimeweka."

"Mke wako amenipikia, mkato, amenifulia, mkato, amenisomea, mkato, na wewe hukustahili hata kimoja. Nukta. Mpe talaka yake kwa maandishi, mkato, kwa simu yake mwenyewe, mkato, kwa jina lake kamili. Nukta. Baba yako."

Ujumbe ulikwenda katika vipande vitatu. Mkamwana alirudisha simu.

"Jina langu kamili unalijua, Baba?" aliuliza.

Mzee akalitaja. Jina lake, la baba yake na la babu yake, hakukosea hata herufi. Mkamwana alibaki ameshika jagi la maji. Tangu aolewe, hakuna mtu wa nyumba ile aliyewahi kulitamka.

Jibu lilichukua siku tisa. Lilikuja kwenye simu yake akiwa kazini, sindano mkononi: jina lake kamili, talaka moja, na neno "samahani" mwishoni bila nukta. Alishona kifungo kilichobaki kwenye shati lililokuwa mbele yake, kisha akaenda chooni, akakaa humo mpaka msimamizi alipogonga.

Wifi alifika mwisho wa mwezi na mifuko mitupu mitano. Alikuwa mwanamke wa haraka, mwenye kusema huku mikono inafanya. Alimbusu baba yake kichwani, akaanza kupima kabati kwa shubiri.

"Kesho kutwa nyumba inarudi kwa mwenyewe," alisema. "Baba, nguo zako nimeshaona, ni chache. Haya makaratasi tutayapeleka kwa wauza karanga." Kisha, kama aliyekumbuka ufunguo: "Na wewe, bibie, nadhani umeshapanga mambo yako. Kaka amesema kila kitu kimekwisha."

"Hakijaisha," alisema mkamwana.

"Kimebaki nini?"

"Eda yangu."

"Si ukaikalie kwenu? Nani anakaa eda kwenye nyumba ya watu siku hizi?"

Mkamwana alitazama mikono yake. Kwa kawaida yake angenyamaza, angeingia chumbani, angefunga virago. Badala yake alikwenda kwenye kiti cha mzee. Kitabu kinene kilikuwa bado pembeni yake. Tangu siku ile hakukirudisha kwenye rafu. Akafungua sura ya tisa, akasimama, akasoma.

"'Mume aliyetoa talaka hana haki ya kumwondoa mtalaka wake nyumbani kabla eda haijaisha, wala ya kumkatia matumizi. Wala jamaa zake hawana haki hiyo kwa niaba yake. Na atakayemwondoa amemdhulumu mara mbili: kwanza amemnyima paa, na pili amemvua haya mbele ya majirani.'"

Wifi aliacha kupima kabati. "Nani kaandika hayo?"

"Kuna na tanbihi," alisema mzee kutoka kwenye kiti. "Msomee tanbihi."

Mkamwana akasoma tanbihi. Alisoma ya kwanza na ya pili, majina ya wanachuoni na tofauti zao na pale walipokubaliana, mkato kwa mkato, sauti yake haitetemeki. Wifi alikaa kwenye ukingo wa kiti, mfuko mtupu mapajani. Uso wake ulikuwa umebadilika. Haukuwa na hasira, ulikuwa na mshangao wa mtu aliyegonga mlango anaoujua akafunguliwa na mgeni.

"Kitabu hicho nilikisahihisha mara tatu," alisema mzee. "Hakina kosa. Mwambie ndugu yako alipe nyumba mpaka eda iishe. Nami nitakaa hapahapa, kama mwenyewe ataniruhusu."

Alisema "mwenyewe", na wote watatu walijua ni nani. Mkamwana alifunga kitabu.

"Akae," alisema.

Wifi akaondoka na mifuko yake mitano.

Walisoma tena, lakini haikuwa kama zamani. Kulikuwa na kitu kati yao, na wote wawili walikizunguka kama meza iliyo katikati ya chumba kidogo. Mzee alipunguza kusahihisha. Mkamwana alichagua vitabu mwenyewe, alianza kingine kabla cha kwanza hakijaisha, na kuna siku alisoma kimoyomoyo, akamwacha mzee akisikiliza kurasa zikigeuzwa. Mzee hakulalamika.

Eda ilipoisha wifi alirudi, safari hii na gari la kukodi na maneno machache. Mkamwana alikuwa ameshapata chumba kimoja nyuma ya duka la vioo, karibu na kazini. Vitabu alivyoweza kusukuma kwa toroli kwa safari mbili alivichukua. Mzee hakutaka hata kimoja.

"Vitanisaidia nini?" alisema. "Kwa huyu bibi nitasikiliza redio."

Kwenye mlango wa gari alimshika mkamwana mkono, akakosa kiganja, akashika kifundo.

"Nisamehe," alisema.

Watu wa jirani walikuwa wanatazama. Ingekuwa rahisi kusema ndiyo, na wifi alikuwa ameshageuza uso kuwaachia nafasi. Mkamwana alimtazama yule mzee, kanzu yake iliyofungwa vibaya kifungo cha juu. Akakifungua, akakifunga sawasawa.

"Bado, Baba," alisema. "Safari njema."

Gari likaondoka. Alibaki barabarani kwa muda, mikono haina kitu cha kushika.

Chumba kipya kilikuwa na dirisha moja na kitanda kimoja. Mwezi wa kwanza alikaa humo bila kumsikia mtu akilitaja jina lake kwa siku saba, nane. Alisoma maisha ya mfugaji wa farasi, na hadithi za mwandishi aliyependa sana neno "ghafla", na nusu ya kitabu cha sala.

Ijumaa moja, saa kumi na moja jioni, simu ililia. Ilikuwa namba ya mzee.

"Nimejifunza vitufe," alisema bila salamu. "Cha tano kina kinundu. Kutoka hapo unahesabu."

"Shikamoo, Baba."

"Marahaba. Redio yao inasema uongo, na tena inaweka nukta popote." Nyuma yake kulisikika vyombo vikioshwa, na sauti ya wifi ikimwambia mtu afunge bomba. "Unasoma nini sasa hivi?"

"Maisha ya mchimba visima."

"Hicho sikikumbuki. Kina kosa gani?"

"Sijaliona bado."

Hakuomba. Mkamwana alisikia jinsi alivyokuwa haombi, pumzi zake zikigonga simu. Alisogea dirishani penye mwanga, akakifungua kitabu pale alipokuwa amefika, akaiegemeza simu kwenye kikombe na kuanza. Mchimba visima alikuwa amefika futi sitini chini, maji hayajaonekana, na waliokuwa juu walikuwa wameanza kumwita atoke, wamekata tamaa. Yeye chini alikuwa anawajibu kwamba udongo umebadilika rangi. Mkamwana alisoma kurasa tatu, kwa mkato na nukta, akimeza mate kila aya, na alipofika mahali sururu inapozama ghafla mpaka kwenye mpini, akasema, "Umesikia, Baba?"

Hakujibiwa. Alitazama simu. Kioo kilikuwa cheusi. Ilikuwa imekatika, pengine zamani, pengine tangu ukurasa wa kwanza.

Aliilaza kifudifudi mezani, akasogeza kiti ili mwanga umwangukie vizuri, na akaendelea kusoma kwa sauti.